Barua ya wazi kwa viongozi wa chama chetu: mikanda ya video itumwe kwa Media Mail

KWA: Mwenyekiti, Katibu na Mweka Hazina
NAKALA: Wajumbe wa kamati tendaji na wanachama wote

YAH: NAULI YA KUSAFIRISHA MIKANDA YA ZAMANI YA VIDEO

Ndugu Mwenyekiti, Ndugu Katibu, Ndugu Mweka Hazina,

Salaam.

Mradi wa kukusanya mikanda ya video ya wanachama na kuihamishia kwenye kompyuta ni mradi mzuri, na hakuna kati yetu anayeupinga. Tunachopinga ni nauli. Kila familia inayoleta mkanda inatozwa gharama ya usafirishaji inayokaribia gharama ya kuuhamisha mkanda wenyewe, kwa sababu mikanda inapelekwa kwa fundi wa jimbo jingine kupitia kampuni ya vifurushi vya haraka, tena miwili miwili, kila familia na bahasha yake. Jambo hili tumelisema kikaoni, kisha tukaliandika kwa Katibu. Tuliambiwa litashughulikiwa. Tangazo la awamu ijayo limetoka na ada ni ileile. Ndiyo maana tunaliweka hadharani.

Posta ya Marekani ina bei nafuu iitwayo Media Mail, na mikanda ya video imo ndani ya bei hiyo. Chama hakiitumii. Matokeo yake ni wazee wanaouliza ada, wakiambiwa wanarudisha mikanda kabatini. Na mkanda hauna subira hiyo. Funai ya Japani, iliyokuwa imebaki peke yake kuunda deki za VHS, iliacha Julai 2016. UNESCO na jumuiya ya kimataifa ya wahifadhi wa sauti na picha, IASA, walianza mwaka 2019 kutahadharisha kwamba baada ya 2025 hivi kusoma mikanda ya sumaku kutakuwa kazi ngumu kila mahali, kwa kukosa mashine na vipuri. Ada kubwa inayomfanya mzee aahirishe mwaka mmoja inaweza kuwa ndiyo iliyoufuta mkanda wake.

Hoja zetu ni hizi.

1. Mikanda yetu inastahili bei hiyo kisheria.

Tumejibiwa kwamba Media Mail ni ya vitabu. Ilianza hivyo kweli: mwishoni mwa Oktoba 1938 Rais Franklin D. Roosevelt alitangaza vitabu vitumwe kwa senti moja na nusu kwa ratili, popote nchini. Tangu hapo orodha imepanuka. Kitabu cha kanuni za posta, Domestic Mail Manual, sura ya 173, kinataja vitabu vya kurasa 8 na kuendelea, filamu za upana wa milimita 16 au pungufu, muziki ulioandikwa kwa noti, miswada, na rekodi za sauti. Kisha kinasema wazi kwamba rekodi za video zinahesabiwa kuwa rekodi za sauti, pamoja na yale makaratasi yaliyotobolewa yanayopiga piano yenyewe. Kama karatasi ya piano ya bibi wa Ohio inapita, mkanda wa harusi ya Tanga nao unapita.

Kanuni haidai mkanda uwe umenunuliwa dukani. Inadai uwe umerekodiwa kitu. Mkanda mtupu hauruhusiwi, kwa hiyo msiweke mikanda mipya ya akiba kwenye boksi hilohilo.

2. Mnapoteza fedha kwa namna mnavyogawa vifurushi, si kwa kampuni mliyoichagua tu.

Hapa tunaomba mtuvumilie, maana ndipo penye fedha za wanachama.

Media Mail hupimwa kwa ratili, na ratili moja ni gramu 454. Haiangalii umbali: boksi litokalo Maine kwenda California hulipiwa sawa na lile linalovuka mtaa. Haiangalii ukubwa wa boksi pia, ilimradi urefu ukijumlishwa na mzunguko usipite inchi 108, na uzito usipite ratili 70. Sehemu ya ratili huhesabiwa kuwa ratili nzima. Ratili ya kwanza ndiyo ghali, imevuka dola 4. Kila ratili inayoongezeka haifiki dola moja. Bei za siku husika zipo kwenye orodha ya posta iitwayo Notice 123, isomeni kila inapotolewa upya kwa sababu hupanda.

Sasa chukueni mikanda 12 ya VHS. Mmoja ukiwa ndani ya jaladi lake la karatasi ngumu una uzito wa gramu 240 hivi. Kumi na miwili ni kilo 2.9. Ongezeni nusu kilo ya boksi na vya kujazia, inakuwa kilo 3.4, yaani ratili saba na nusu, mtalipia 8. Boksi moja, ratili ya kwanza mara moja, na ratili saba za bei ndogo.

Mkiigawa mikanda hiyohiyo miwili miwili, mnapata vifurushi 6. Kila kimoja kina gramu 580 hivi, kwa hiyo kinalipiwa ratili 2. Mtalipa ratili ya kwanza, ile ghali, mara sita. Tofauti ya boksi moja na vifurushi sita inazidi dola 19, na hiyo ni ndani ya Media Mail yenyewe, kabla hatujagusa kampuni ya vifurushi vya haraka ambayo hutoza kwa umbali na kwa ukubwa wa boksi. Mkihama kesho lakini mkaendelea na bahasha za kila familia, mtakuwa mmetatua nusu ya tatizo.

Pengine mtauliza mbona tusijaze boksi la ratili 70 tumalize. Hapana. Boksi zito hudondoshwa, hupasuka pembeni, na likipotea linaondoka na mikanda ya familia thelathini. Kumi na miwili ni kiasi kizuri. Kumi na mitano ndiyo mwisho.

Kuna na hili: chama chetu kimesajiliwa kuwa taasisi isiyo ya faida, na posta ina ngazi nyingine chini ya Media Mail iitwayo Library Mail, kwa ajili ya shule, maktaba, makumbusho na taasisi za dini, elimu na hisani zisizo za faida. Bei yake iko chini kwa karibu asilimia 5. Sharti mojawapo ni jina la taasisi lionekane kwenye anwani ya mtumaji au ya mpokeaji. Leo vifurushi vyetu vinaandikwa jina la nyumbani la Ndugu Katibu. Yeye si maktaba.

3. Mnachotia ndani ya boksi kinaweza kuivunja bei yote.

Hili ni kosa ambalo litawakuta siku ya kwanza mkianza kutumia Media Mail bila kubadilisha mazoea. Kwa sasa bahasha ya chama huwa na mikanda, kalenda ya chama, barua ya shukrani kwa fundi, na mara nyingine zawadi: kanga, paketi ya kahawa, karafuu. Ukarimu ni wetu sote, lakini vifurushi vya Media Mail havina kinga ya kutofunguliwa. Posta ina haki ya kufungua na kukagua. Wakikuta kisichostahili, boksi zima linahesabiwa kwa bei ya kawaida, kisha ama linarudishwa ama mpokeaji anadaiwa nyongeza mlangoni. Fundi hatalipa, na si kazi yake.

Visivyostahili, kwa mujibu wa tulivyoona vikitiwa:

Kalenda ya chama. Ina matangazo ya wafadhili, wasafirishaji wa makontena na wenye mikahawa. Matangazo hayaruhusiwi kabisa, isipokuwa yale madogo ya vitabu au rekodi zilizomo.

Picha za karatasi na albamu zake. Watu huzichomeka kwenye jaladi la mkanda. Zitoeni kabla ya kufunga.

Barua binafsi. Hii ina stempu yake na safari yake. Karatasi inayoeleza rekodi yenyewe, kwa mfano "Mkanda namba 7, maulidi, Mombasa, 1991", si barua, hiyo inafuatana na mkanda.

Deki, waya, rimoti. Kuna familia iliyoleta mkanda ukiwa umekwama ndani ya deki, wakaomba vyote viende pamoja. Deki ni mashine, inalipiwa bei ya mashine.

Diski kuu za kompyuta na vijiti vya kuhifadhia data. Posta imezitaja kwa jina kwamba hazistahili, kama ilivyotaja michezo ya video. Tutalirudia kwenye hoja ya 6.

4. Ufungaji wa sasa unaharibu mikanda.

Bahasha ya viputo vya hewa inazuia mkwaruzo, haizuii kukandamizwa. Kaseti ya VHS ni ganda jembamba la plastiki lenye upana wa milimita 187, kina milimita 103 na unene 25, na ndani yake kuna magurudumu mawili yanayotakiwa kuzunguka bila kugusa ganda. Ikilazwa chini ya furushi la kilo 20 ganda linapinda. Mkanda unakuwa mzima lakini hauzunguki, na fundi anaongeza malipo ya kuufungua na kuuhamishia kwenye ganda jingine.

Utaratibu tunaopendekeza ni huu. Kwanza kagueni mkanda kwa macho, kwa sababu iliyoko kwenye hoja ya 5. Ukiwa msafi, peleka mbele hadi mwisho kisha rudisha hadi mwanzo bila kusimama, ili tabaka zilale sawasawa na zikaze. Mkanda uliolegea kwenye gurudumu hujikunja kingo safarini. Vunjeni kile kipande kidogo cha plastiki kwenye ukingo wa nyuma wa kaseti. Kikishavunjwa deki haiwezi kurekodi juu yake hata mtu akibonyeza kitufe kwa bahati mbaya. Kila mkanda urudi kwenye jaladi lake, jaladi liingie kwenye mfuko wa plastiki unaofungika mdomo, namba iandikwe juu ya kaseti yenyewe na si juu ya jaladi peke yake. Majaladi hubadilishana, hilo mnalijua.

Boksi liwe jipya, la karatasi yenye mawimbi ndani, la inchi 12 kila upande. Mikanda 12 ikisimamishwa kama vitabu rafuni, safu mbili za sita sita, inachukua takriban sentimita 17 kwa 21, na kimo cha 19. Inabaki nafasi ya takriban sentimita 5 au zaidi kila upande, na hiyo ndiyo kinga. Ijazeni kwa magazeti yaliyofinyangwa na kushindiliwa. Msitumie zile punje za sponji nyeupe: zinavunjika, na vipande vyake vinaingia chini ya mfuniko wa kaseti hadi kwenye mkanda. Baada ya kufunga, tikiseni boksi. Likitoa sauti, fungueni muongeze. Na msipunguze magazeti ili kuokoa ratili moja, ratili ya nyongeza haifiki dola.

Gundi ya utepe iwe ya upana wa sentimita 5, ipite kwenye mwanya wa kati na kwenye kingo mbili za juu, na chini vivyo hivyo. Ndani, juu kabisa, wekeni karatasi yenye anwani zote mbili, kwa sababu lebo ya nje ikichanika hiyo ndiyo itakayolirudisha boksi. Nje andikeni Media Mail kwa herufi kubwa. Maboksi ya bure ya Priority Mail, huduma ya haraka ya posta, mnayoyachukua kaunta msiyatumie hata mkiyageuza ndani nje. Ni ya huduma hiyo tu, na mkiyatumia mtatozwa bei yake.

Namba ya fleti ya fundi isisahauliwe. Boksi la Media Mail likishindwa kufika hurudishwa kwa gharama ya mtumaji, mnalipa safari mbili kwa kazi isiyofanyika.

Jambo la joto tulitaje kwa ufupi: malori ya Julai na Agosti huko Texas na Arizona ni tanuri. Kama fundi yuko huko, mikanda isubiri Oktoba.

5. Mikanda inatumwa bila kujulikana mfumo wake wala hali yake.

Hii ndiyo hasara kubwa kuliko nauli yenyewe, na tunashangaa haijawahi kuingia kwenye ajenda.

Televisheni ya Marekani ilitumia mfumo wa picha uitwao NTSC: mistari 525, picha 30 kasoro kidogo kwa sekunde. Tanzania, Kenya, Uganda na Omani zilifuata PAL, mistari 625, picha 25. Kongo na Burundi zilifuata SECAM. Kaseti ni ileile kwa umbo na inaingia kwenye deki yoyote, lakini deki ya kawaida ya Marekani haiusomi mkanda wa PAL. Kasi ya mkanda wenyewe ni tofauti: milimita 33.35 kwa sekunde kwa NTSC, 23.39 kwa PAL. Mnachokiona ni picha inayopanda na kushuka, au mistari, au skrini ya bluu tupu. Fundi asiyejua anaandika "hauna kitu", mkanda unarudi, na familia inaambiwa mkanda wa mama yao ni mtupu. Wapo watakaoutupa.

Mikanda mingi ya wanachama ni PAL. Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi 1994, wakati Zanzibar ilikuwa na ya rangi tangu miaka ya 1970. Video za harusi, ngoma na misiba za Bara zilirekodiwa kwa kamera na deki zilizoletwa kutoka Dubai, Muscat na kwingineko, na hizo ni za PAL. Mikanda iliyorekodiwa hapa Marekani na waliotangulia ni NTSC. Familia moja inaweza kuwa na yote miwili kwenye mfuko mmoja.

Maandishi ya kaseti yanasaidia: E-180 au E-240 ni ya soko la PAL, T-120 au T-160 ni ya soko la NTSC. Lakini yanasaidia tu, hayathibitishi. Kaseti ya T-120 iliuzwa hata Dubai, na ukiirekodi kwa deki ya PAL unapata saa mbili na dakika hamsini hivi badala ya saa mbili. Swali linalotoa jibu ni: mkanda huu ulirekodiwa wapi, mwaka gani? Hilo liwe swali la kwanza kwenye fomu. Leo fomu inauliza jina, simu na ada iliyolipwa.

Na fundi aulizwe kabla ya kutumiwa boksi: je, deki yako inasoma PAL na SECAM, na mashine inayoingiza picha kwenye kompyuta inazipokea? Vyote viwili. Ipo deki inayosoma PAL halafu kifaa cha kompyuta kikakataa.

Kuhusu hali ya mkanda: mikanda iliyokaa Pwani miaka mingi hupata ukungu. Shika kaseti, mulika tochi kwenye kidirisha chake, tazama upande wa gurudumu lililojaa. Mkanda mzima unang'aa, mweusi na laini kama kioo. Ukiona unga mweupe, madoa, au nyuzi kama za buibui, usiupeleke mbele wala nyuma, na usiutie kwenye deki yoyote. Vumbi hilo hukaa kwenye vichwa vya deki na kuhamia mkanda unaofuata. Uwekwe kwenye mfuko wake, uandikwe "ukungu", na upelekwe kwenye boksi la peke yake baada ya kukubaliana na fundi. Kutia mkanda mmoja wa ukungu pamoja na mizima kumi na mmoja ni kuwaharibia watu kumi na mmoja.

6. Safari ya kurudi haijapangwa.

Mikanda inarudi kwa Media Mail kama ilivyokwenda. Faili zikirudi kwenye DVD, nazo ni rekodi, zinaingia humohumo. Zikirudi kwenye diski ya kompyuta, diski hiyo itumwe peke yake kwa Ground Advantage, huduma ya kawaida ya vifurushi ya posta. Isichanganywe na mikanda. Na isirudi siku moja na mikanda: chama kipokee diski, kifungue faili, kiangalie mwanzo, katikati na mwisho wa kila moja, ndipo fundi aachie mikanda. Vyote vikiwa kwenye lori moja mmeweka nakala na asili mahali pamoja.

Majibu tunayoyatarajia

Mtasema karani wa posta atakataa. Kweli, kaunta hazifanani, na wapo wanaoamini mkanda wa nyumbani hauhesabiwi. Chapeni ukurasa wa sura ya 173, muwe nao. Karani akiuliza kilichomo, jibu ni "rekodi za video", si "vitu vya familia". Akikataa, ombeni kwa heshima msimamizi wake asome mstari unaohusu rekodi za video. Hakuna haja ya ugomvi.

Mtasema ni polepole. Media Mail huchukua siku 2 hadi 8 za kazi. Mkanda uliokaa kabatini tangu 1988 hauharibikiwi na wiki moja, na foleni ya fundi ni ndefu kuliko hiyo. Kulipia usiku mmoja ili boksi likakae mezani kwa fundi wiki tatu, hilo mtueleze nyinyi.

Mtasema hakuna bima. Media Mail haiji na bima, wakati Ground Advantage ina ya dola 100 ndani ya bei yake, lakini bima inaweza kununuliwa juu ya Media Mail. Swali ni inalipa nini. Posta hulipa thamani inayothibitishika. Thamani ya kumbukumbu hailipwi. Mkanda wa harusi ukipotea, mtalipwa bei ya kaseti. Hiyo kampuni mnayoitumia sasa nayo hairudishi harusi. Kinachokinga ni mengine: kila mkanda upigwe picha na kuorodheshwa kabla ya kuondoka, namba ya kufuatilia ambayo tayari imo kwenye bei ihifadhiwe na itumwe kwa familia husika, sahihi ya mpokeaji inunuliwe, na familia ikiwa na nakala mbili za tukio moja, nakala hizo zisiwekwe boksi moja.

Mtasema mnajitolea na hamna muda. Tunalielewa hilo, nasi tunajitolea. Boksi moja la mikanda 12 ni safari moja ya posta mahali pa safari sita.

Na kwa wale waliopendekeza kikaoni kwamba Media Mail itumike kupeleka nakala Dar es Salaam na Bujumbura: haiwezekani. Ni huduma ya ndani ya Marekani, maeneo yake kama Puerto Rico na Guam, na anwani za jeshi. Ikivuka mpaka ni bei nyingine na fomu ya forodha.

Tunachoomba

(a) Ada ya usafirishaji ya awamu ijayo isitishwe hadi ihesabiwe upya kwa bei ya Media Mail au Library Mail, kwa boksi la mikanda 12, kwenda na kurudi, na mgao wa kila mkanda utangazwe.

(b) Risiti za usafirishaji wa awamu zilizopita ziwekwe wazi kwa wanachama. Kama kilichotozwa kilizidi kilicholipwa, ziada irudishwe au ilipie mikanda ya wazee wasio na kipato.

(c) Fomu ya kupokea mkanda iongezwe maswali matatu: ulirekodiwa wapi, mwaka gani, na je, kuna ukungu.

(d) Kalenda, zawadi na barua visitiwe tena kwenye maboksi ya mikanda. Fundi atumiwe shukrani zake kwa bahasha yake.

(e) Fundi athibitishe kwa maandishi kwamba anasoma PAL na SECAM. Asipothibitisha, atafutwe mwingine kabla ya mkanda hata mmoja kuondoka.

(f) Familia zote zilizorudishiwa mikanda yenye neno "mtupu" zipigiwe simu, ziambiwe zisiitupe, na mikanda hiyo ijaribiwe upya kwenye deki ya mifumo yote bila malipo mapya.

Kipengele cha (f) hakiwezi kusubiri kikao. Tunaomba kianze wiki hii. Vingine tunaomba vijibiwe kwa maandishi, kwa wanachama wote, kabla ya siku ya kupokea mikanda ya awamu ijayo. Mizani, maboksi na nafsi zetu vipo tayari kwa kazi hiyo.

Wenu katika chama,

Wanachama tunaopokea na kuorodhesha mikanda